Boma la Kale: nyumba ya wageni iliyoishi kuliko kasri

Ukishuka boti ya Unguja na kuvuka Sokoine Drive, kwenye kona ya Barabara ya Morogoro lipo jengo jeupe lenye kuta nene ambalo wapita njia wengi hawaligeukii. Ndilo Boma la Kale. Seyyid Majid bin Said, Sultani wa Zanzibar, alilijenga mwaka 1866 na 1867, na huhesabiwa kuwa kongwe kuliko majengo yote yaliyobaki Dar es Salaam. Halikuwa kasri. Lilikuwa nyumba ya kufikia wageni wa Sultani, kando ya kasri lake. Kasri halipo tena, nyumba ya wageni ipo, na leo ni kituo cha umma chenye maonyesho ya historia ya ujenzi wa jiji.

Kwa nini kidogo kilibaki na kikubwa kikaondoka? Jibu la kawaida ni bahati. Bahati ilikuwapo, lakini ukilichunguza jengo lenyewe unaona sababu za wazi zaidi: vyumba vyake vyembamba vilimfaa kila aliyekuja kutawala, na hadhi yake ndogo ilifanya pasiwe na mtu wa kulitamani wala wa kulijenga upya. Kilichokaribia kulimaliza si umri. Ni maji na saruji.

Mji ulioachwa nusu

Majid alirithi Zanzibar mwaka 1856 baada ya kufariki baba yake, Seyyid Said. Miaka michache baadaye akaikazia macho bandari ya asili iliyokuwa karibu na kijiji cha Mzizima. Mlango wake ni mwembamba, ndani kuna maji mapana yaliyotulia, na bara iko nyuma tu. Akaanza kujenga mji, nao ukaitwa Dar es Salaam. Mwaka 1867 aliwaandalia karamu hapo mabalozi wadogo wa Uingereza, Ufaransa, Ujerumani na Marekani. Watu wa cheo hicho wakija kwa jahazi kutoka Unguja hawarudi siku hiyohiyo. Lazima walale mahali, na mahali penyewe pawe karibu na mwenyeji lakini pasiwe ndani kwake. Jengo letu lilikidhi haja hiyo.

Oktoba 1870 Majid akafariki. Ndugu yake Barghash alirithi kiti lakini hakuurithi mradi. Fedha na macho vikarudi Unguja, na mji mpya ukabaki na kuta zisizo na mwenyewe kwa karibu miaka ishirini.

Hapo ndipo njia za majengo ya Majid zinapoachana. Nyumba ya mawe ya matumbawe isiyokaliwa haisubiri karne. Paa likipasuka na asiwepo wa kuziba, misimu michache ya masika inatosha kuozesha boriti, na dari moja ikianguka huvuta na vipande vya ukuta. Kisha majirani huanza kuchukua mawe, maana jiwe lililokwisha kuchongwa ni la bure. Kasri ni jengo la kupokea watu kwa fahari. Asipokuwapo wa kupokewa, halina kazi. Vyumba vya wageni vinaweza kugeuzwa ghala, ofisi, makazi ya askari au mahabusu bila kuvunja ukuta hata mmoja.

Mwaka 1887 Kampuni ya Wajerumani ya Afrika Mashariki ilifungua kituo Dar es Salaam. Mwaka 1890 Ujerumani ilimlipa Sultani marki milioni nne kwa ajili ya pwani yote, na mwaka 1891 makao makuu ya koloni yakahamishwa kutoka Bagamoyo. Serikali iliyokuja na makarani, mafaili na askari ilihitaji kuta zilizosimama tayari. Nyumba ya wageni ikawa boma, na neno lenyewe likanyooka hapo: zamani boma lilikuwa ua au ngome, chini ya Wajerumani likawa pia ofisi ya serikali. Walipojenga ofisi mpya ya wilaya hatua chache kutoka hapo, jengo ambalo baadaye lilikuwa la Halmashauri ya Jiji, hili la mwanzo likabaki na jina la Kale. Limekuwa la kale tangu lilipokuwa na umri wa miaka thelathini hivi.

Kushushwa cheo huko kuliliokoa. Nyumba ya Gavana, iliyokuwa na hadhi, ilipigwa na mizinga ya meli za Waingereza katika Vita Kuu ya Kwanza, kisha Waingereza wakaijenga upya kwa sura nyingine. Ndiyo Ikulu ya Magogoni. Boma la Kale halikuwa na hadhi ya kupigwa wala ya kujengwa upya. Waingereza walipoingia mjini Septemba 1916 walilikuta na kuendelea nalo, likapokea ofisi na polisi, na baada ya Uhuru likaendelea kuwa jengo la kazi la serikali na la jiji. Mwishoni mwa miaka ya 1970 ndipo lilipokaribia kubomolewa kupisha mipango mipya, likanusurika. Jirani yake wa zama za Majid, jengo la Atiman House, aliponea njia ileile: alipata mwenye kazi naye, wamisionari Wakatoliki waitwao Mapadri Weupe.

Boriti ndiyo iliyopima chumba

Anayetaka kulielewa jengo hili aanze kwa kutazama juu. Dari imebebwa na boriti za mikoko, nguzo za mviringo zilizopangwa karibu karibu, unene wa mkono wa mtu mzima au zaidi. Mkoko ulionyooka na kukomaa vya kutosha hautoi zaidi ya mita tatu hivi za kazi kati ya ukuta na ukuta. Kwa hiyo upana wa chumba hauamuliwi na mwenye nyumba, unaamuliwa na mti. Chumba kinaweza kurefushwa apendavyo mtu, lakini hakipanuki. Ndiyo maana nyumba za pwani, kutoka Lamu hadi Kilwa, zina vyumba virefu vyembamba, na ndiyo maana hili la Majid likageuka ofisi kwa urahisi: meza upande mmoja, njia upande wa pili.

Juu ya boriti hupangwa vipande bapa vya tumbawe, kisha humwagwa mchanganyiko wa chokaa, udongo mwekundu na kokoto za matumbawe, unaopondwa kwa magongo kwa siku kadhaa mpaka ushikane. Kazi hiyo ndiyo kusakifu. Sakafu ya namna hiyo ikiwa na unene wa sentimita 25 hubeba uzito wake wenyewe wa kilo 450 hivi kwa mita ya mraba. Chumba cha mita 3 kwa 8 kina tani 10 na zaidi kichwani kabla mtu hajaweka kiti. Tani hizo zikilowa huongezeka.

Kuta nazo ni mawe ya matumbawe yasiyolingana, yaliyofungwa kwa udongo wa chokaa. Ukibandua plasta iliyoachia unaona nyota ndogo ndogo kwenye jiwe, alama za viumbe walioishi baharini. Jiwe hilo limejaa matundu. Linanyonya maji kama mkate, na likiachwa wazi linayatoa tena. Mafundi wa kale walilijua hilo, wakalivika plasta ya chokaa na kumalizia kwa niru, ngozi inayoruhusu ukuta kupumua. Unyevu huingia na hutoka. Chumvi ya bahari iliyomo humo husukumwa nje na kuachwa kwenye plasta, na plasta hubadilishwa baada ya miaka kadhaa kama nguo.

Namna linavyougua

Majengo ya aina hii mjini yana ugonjwa mmoja wenye sura nyingi, na karibu kila mara mganga ndiye aliyeuleta. Fundi anaitwa kwa sababu plasta imevimba chini ya dirisha. Anabandua, anapiga plasta mpya ya saruji, anapaka rangi ya mafuta ili ing'ae. Kwa mwaka mmoja au miwili ukuta unapendeza. Nyuma ya saruji, maji yaliyozoea kutokea hapo yanatafuta njia nyingine, hupanda juu, na chumvi inaganda ndani ya jiwe badala ya juu ya plasta. Chembe za chumvi zikikauka hutanuka na kupasua matundu ya tumbawe. Saruji inaposhuka, hushuka na ngozi ya jiwe. Fundi anaitwa tena, safari hii pa kutengeneza ni pakubwa mara mbili, na anapiga saruji tena. Kila awamu ya "ukarabati" inaondoa unene kidogo wa ukuta ambao hautarudi.

Palipo hatari zaidi hapaonekani. Ni vichwa vya boriti, ile sentimita 20 hadi 30 iliyozama ndani ya ukuta. Sehemu ya boriti inayoonekana chumbani inaweza kuwa ngumu kama chuma huku kichwa chake kimekuwa unga. Ukuta ukizibwa kwa saruji, kichwa hukaa kwenye unyevu mwaka mzima, na tanini ya mkoko iliyokuwa inamchukiza mchwa huishiwa nguvu. Njia ya kujua ni ya zamani: gonga boriti kwa nyundo ndogo kuanzia katikati kuelekea ukutani. Mlio mkali ukigeuka kuwa mzito au wa debe tupu ukikaribia ukuta, hapo pana kazi. Kisha choma kwa bisibisi nyembamba. Ikizama sentimita mbili bila kusukumwa kwa nguvu, boriti hiyo haibebi tena, imebebwa na jirani zake.

Maji yanatoka wapi? Mara chache ni ardhini peke yake. Dar es Salaam hupata mvua ya milimita 1,100 hivi kwa mwaka, nyingi ikiwa ya masika, Machi hadi Mei, na inayobaki ni ya vuli. Mvua moja ya milimita 50 juu ya paa la mita za mraba 200 ni lita 10,000. Paa hilo likiwa na mabomba mawili ya kushushia maji na moja limezibwa na majani na manyoya ya kunguru, nusu ya lita hizo zitashuka kwa kutambaa ukutani. Ongeza viyoyozi: kimoja, kwa joto la hapa, hudondosha lita kumi na zaidi kwa siku, na ofisi nyingi huachia kibomba chake kimwage palepale ukutani. Ongeza barabara: kila lami mpya inayomwagwa juu ya ile ya zamani huinua mtaa, mpaka kizingiti kilichokuwa juu ya njia kinakuwa sawa nayo au chini yake. Na ongeza mche mmoja wa mtini ulioota kwenye ukingo wa paa. Mwaka wa kwanza unang'oleka kwa vidole viwili. Mwaka wa tano mzizi wake umeshapita kati ya mawe, na kuung'oa ni kung'oa ukuta.

Kosa jingine hufanywa na wahandisi wazuri kabisa, na si kwa uvivu: kufunga jengo kwa mkanda wa zege lenye nondo juu ya kuta. Kwenye hesabu linapendeza. Karibu na bahari, na juu ya jiwe lililojaa chumvi, nondo huanza kushika kutu, hutanuka na kupasua zege na ukuta pamoja. Isitoshe, zege ni gumu, tumbawe na chokaa ni laini, na ukuta uliozoea kujinyoosha taratibu unalazimishwa kusimama wima kama askari.

Kulitibu kwa dawa yake

Kazi ianzie juu ishuke chini: paa, kisha mifereji, kisha kuta, plasta mwisho kabisa. Anayeanza na plasta kwa sababu ndiyo inayoonekana na mgeni rasmi ataifanya mara mbili.

Saruji ya zamani hubanduliwa kwa patasi na nyundo, si kwa mashine ya kutetemesha, na ukuta huachwa wazi. Muda wake ndio kila mkandarasi huugombania. Ukuta wenye unene wa nusu mita hauwezi kukauka kwa wiki mbili. Uupe kiangazi kizima, Juni hadi Septemba, ukisugua kwa brashi kavu chumvi inayochomoza kama unga mweupe na kuizoa kabla haijarudi ardhini. Usiioshe kwa maji. Maji huirudisha ndani.

Chokaa inayotakiwa ni iliyozimwa kwa maji na kulazwa shimoni, wiki tatu kwa uchache, miezi mitatu ikiwezekana, ikiwa imefunikwa kwa maji juu. Mchanga uwe wa mto, uliooshwa na kuchekechwa. Wa ufukweni unarudisha chumvi uliyotoka kuifukuza. Kipimo cha kuanzia ni ndoo moja ya chokaa kwa ndoo tatu za mchanga. Plasta hupigwa kwa tabaka za milimita 10 hadi 15, kila tabaka ikisubiri iliyotangulia ishike, na kwa wiki nzima ukuta hufunikwa magunia mabichi ili usikauke kwa jua na kupasuka nyufa za utando wa buibui. Kidole gumba kikiacha alama, bado. Ukucha tu ukiacha alama, endelea.

Boriti hubadilishwa moja moja. Weka mirunda na jeki pande zote mbili za boriti mbovu, inua kwa milimita tu mpaka uzito uhame, kata, chomoa, ingiza mpya. Kichwa kipya kilale juu ya kibao kikavu au jiwe bapa, na nafasi ya vidole viwili iachwe kukizunguka ili hewa ipite. Usikizibe kwa zege hata kama msimamizi anataka "kiimarike". Boriti zenyewe ziwe zimeanikwa kivulini kwa miezi, na zitoke kwenye njia halali: mikoko iko kwenye misitu ya hifadhi, Rufiji ikiwa kubwa kuliko zote nchini, na kuikata kunahitaji kibali cha Wakala wa Huduma za Misitu. Ombi la kibali liandikwe kabla ya zabuni kufunguliwa. Kinyume chake mkandarasi anajikuta ameshafungua dari, kibali hakijatoka, vuli inaingia, na hapo ndipo mbao za msonobari zinapopenyezwa kwenye jengo la mikoko.

Kazi mpya, mizigo mipya

Katika muongo wa 2010 Boma la Kale lilikarabatiwa na kuwa Kituo cha Urithi wa Usanifu wa Dar es Salaam, DARCH, kwa ushirikiano wa Chama cha Wasanifu Majengo Tanzania, Halmashauri ya Jiji na Chuo Kikuu cha Ufundi cha Berlin, kwa msaada wa Umoja wa Ulaya. Kimantiki ni uamuzi mzuri kuliko unavyosifiwa, na sababu yake ni uzito. Ofisi inaonekana nyepesi, lakini mita moja ya rafu iliyojaa mafaili ina kilo 30 hadi 50. Kabati la rafu sita lenye upana wa mita moja hufikia kilo 200 hadi 300, zote zikikandamiza eneo lisilofika nusu ya mita ya mraba, miaka nenda miaka rudi, na kwa kawaida kabati huegemezwa ukutani, juu kabisa ya vichwa vya boriti. Mabango ya maonyesho hayana uzito wa kutajika. Mzigo pekee ni watu, nao huja na kuondoka. Tahadhari ni siku ya hafla: watu wanne waliobanana kwenye mita moja ya mraba ni kilo 300 hivi, kwa hiyo hotuba zifanyiwe chini na wageni wapandishwe juu kwa makundi.

Linganisha na Beit al-Ajaib, Jumba la Maajabu la Unguja, alilolijenga Barghash mwaka 1883. Zile ni kumbi za fahari, veranda zenye nguzo za chuma, ghorofa juu ya ghorofa. Lilipata kuwa ofisi za serikali, kisha makumbusho, lakini ukubwa wake ulidai matengenezo ambayo matumizi hayo hayakuweza kuyalipia. Sehemu yake ilianguka mwaka 2012, na tarehe 25 Desemba 2020, likiwa katikati ya ukarabati, sehemu kubwa ikaporomoka na kuua watu wawili. Majid angejenga Beit al-Ajaib yake Dar es Salaam, sidhani kama tungekuwa na cha kuchambua.

Kuna jambo la kisheria ambalo mameneja wa majengo ya zamani hulikosea. Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964 inalinda moja kwa moja majengo yaliyojengwa kabla ya mwaka 1863. Boma la Kale limechelewa kwa miaka mitatu au minne. Jengo la umri wake hupata ulinzi pale tu Waziri anapolitangaza kwenye Gazeti la Serikali, na kilichotangazwa kinaweza kutenguliwa. Lakini sheria hiyohiyo inalinda milango na miimo ya mbao iliyochongwa nakshi kabla ya mwaka 1940. Kwa hiyo kwenye nyumba nyingi za katikati ya jiji mlango una kinga ambayo ukuta unaoushika hauna. Mwenye nyumba akiambiwa hivyo hucheka, kisha huuliza kama anaweza kuuhamisha mlango ili abomoe. Jibu ni kwamba mlango hauuzwi wala hauhamishwi bila kibali, na maombi yake humleta mkaguzi nyumbani, naye akishafika haangalii mlango tu.

Kinachobaki ni kazi ya kila mwaka, mara mbili: mwishoni mwa Februari kabla ya masika na mwishoni mwa Septemba kabla ya vuli. Mtu mmoja, ngazi, ndoo, brashi ya waya, nusu siku. Ang'oe miche kwenye ukingo, azoe mifereji, amwage ndoo mbili za maji kwenye kila bomba na kuhesabu kama zinatokea chini, azibe nyufa za paa kwa chokaa, apige picha palepale alipopiga mwaka jana. Kwenye majengo ya umma kazi hii haishindwi kwa kukosa fedha. Inashindwa kwa sababu anayetakiwa kupanda paani hana ufunguo wa mlango wa ngazi, na aliye nao amehamishiwa idara nyingine.